Jamaa wa Gitaa Songea Hajachanganyikiwa, Mnamwibia Tu

Wadau, pale Songea kuna jamaa mmoja. Jina linawekwa pembeni kwa sababu ishu hapa si jina, na wenye mji wao wameshamjua tayari: ni yule wa gitaa la umeme. Leo utamkuta anapiga roki, tena si ile ya kurukaruka na kupiga makelele, ni ile ya pembeni, nzito, ya taratibu, ambayo redio haiigusi. Jumapili yuko kanisani anapigia kwaya. Jumamosi inayofuata yuko kwenye harusi Bombambili anakung'uta sebene mpaka mashangazi wanavua viatu. Katikati ya wiki kajifungia chumbani kwake Lizaboni, anatengeneza muziki wa filamu fupi ya washkaji zake iliyopigwa kwa kamera ya simu.

Kwa hayo yote mji umempa jina moja: kachanganyikiwa.

"Achague moja." "Huku nani anasikiliza roki?" "Si aimbe amapiano apate maokoto?" Ndiyo maneno anayokutana nayo kila akiposti. Na kuna prodyuza mmoja, mtu mwenye heshima zake mjini, ambaye inasemekana alimwambia mbele za watu kuwa msanii asiye na staili moja hauziki, eti ni kama duka linalouza sukari, misumari na dawa za kuku.

Mfano mzuri, ila prodyuza kasahau kitu. Maduka ya namna hiyo ndiyo yanayolisha watu kuanzia Namtumbo mpaka Mbinga. Ukifungua duka la misumari mitupu kijijini, utaifunga biashara kabla ya mavuno.

Ukweli ambao watu hawataki kuusikia ni huu. Mtu anayeweza kutoka kwenye roki akaingia kwenye kwaya, akatoka kwenye kwaya akaingia kwenye sebene, halafu akakaa kimya akatunga muziki wa kuisindikiza picha, huyo ana fani adimu kuliko wanaoimba wimbo ule ule kwa majina kumi. Filamu inamtafuta mtu wa namna hiyo hiyo. Na kinachouma zaidi ni kwamba baadhi ya wanaomcheka hadharani ndio wanaoutumia muziki wake kimyakimya, bila jina lake na bila senti tano.

KABLA HUJACHEKA, MJUE JOB SEDA

Vuka mpaka kidogo uende Kenya. Mwaka 1956 alizaliwa Mombasa mtoto aliyeitwa Job Seda. Wazazi wake walikuwa wanamuziki, na sehemu ya utoto wake ilipita Marekani, ambako wazazi hao waliwapigia wanafunzi wa vyuo muziki wa kwao. Alivyokua, hakukaa sehemu moja hata kidogo.

Miaka ya 1970 alikuwa Nairobi na bendi ya Black Savage, vijana wa magitaa ya umeme, roki na fanki. Mwaka 1979 akawa miongoni mwa waanzilishi wa African Heritage, bendi iliyochanganya ala za asili na vyombo vya kisasa. Akashika nyatiti, ile ala ya nyuzi nane ya Wajaluo. Katikati ya hayo akaingia kwenye uigizaji: yumo kwenye Out of Africa ya mwaka 1985, na yumo kwenye The Kitchen Toto ya mwaka 1987. Mwaka 1986 akabeba nyatiti yake akaenda Uingereza, akawa anapiga mitaani London. Mwenye sarafu anatupa, asiye nayo anapita.

Hebu jiulize huyo angeitwaje mtaani kwenu. Roki kaacha. Bendi yenye jina kaacha. Uigizaji hauendelezi. Sasa yuko ugenini barabarani na ala ya babu. Songea wangemwita kachanganyikiwa kabla hajamaliza wimbo wa kwanza, na kuna shangazi angependekeza apelekwe kuombewa.

Huyo ndiye dunia ilikuja kumjua kwa jina la Ayub Ogada. Watu wa tamasha la WOMAD walimsikia, akaja kuzunguka kwenye ziara na Peter Gabriel, na mwaka 1993 akatoa albamu ya En Mana Kuoyo chini ya lebo ya Real World. Ndani ya albamu hiyo kuna wimbo unaitwa Kothbiro, yaani mvua inakuja. Ni wimbo mtulivu, nyatiti mbele, sauti inaelea juu yake bila haraka.

Mwaka 2005 ikatoka The Constant Gardener, filamu ambayo sehemu yake kubwa ilipigwa Kenya. Muziki wake ulitungwa na Mhispania Alberto Iglesias, na kazi ile ikaingia kwenye kuwania Oscar. Lakini humo humo ndani wakaiweka sauti ya Ogada. Hiyo ndiyo filamu iliyowafanya watu wengi duniani waanze kuuliza huyu anayeimba ni nani.

Na hapa ndipo wasanii wa "chagua moja" wanapokwama. Ukimkata Ogada vipande ubaki na kimoja tu, unabaki na nini? Ukibaki na mpiga roki wa Nairobi, hakuna nyatiti. Ukibaki na mpiga nyatiti, unamkosa mtu aliyejifunza jukwaa na bendi kubwa. Ukiondoa mwigizaji, unamkosa mtu aliyeshasimama mbele ya kamera akaona jinsi picha inavyotengenezwa. Wimbo mmoja uliopenya kwenye filamu kubwa ulitoka kwa mtu aliyepita kote huko.

WIMBO MMOJA, REKODI MBILI

Stori ya Kothbiro haikuishia hapo. Black Savage walikuwa wameshaurekodi wimbo huo miaka ya 1970 kwa namna yao, kwa vyombo vya bendi. Sasa mwaka 2018 Kanye West akatoa albamu yake ya ye, na kwenye wimbo wa Yikes kuna kipande kilichochukuliwa kutoka kwenye Kothbiro ile ya Black Savage.

Umeona? Filamu ilichukua rekodi moja, rapa wa Marekani akachukua rekodi nyingine. Wimbo ni ule ule, uliotengenezwa na vijana wa Nairobi ambao pengine majirani zao waliwaambia watafute kazi.

Kwenye stori hii kuna somo la hela ambalo wasanii wengi wa huku hawajafundishwa. Muziki una haki mbili. Ya kwanza ni ya utunzi: nani aliubuni wimbo wenyewe. Ya pili ni ya rekodi: nani anamiliki ile sauti iliyorekodiwa siku ile, kwa vyombo vile. Mtu wa filamu anayetaka kutumia wimbo anatakiwa azungumze na pande zote mbili. Kwa jamaa wetu wa gitaa, pande zote mbili ni yeye mwenyewe, chumbani kwake, na kompyuta yake. Kumlipa ni simu moja tu. Na bado hiyo simu moja haipigwi.

Ogada alirudi Kenya mwaka 2007 na akafariki Februari 2019. Watu wengi Afrika Mashariki walimsikia kwa mara ya kwanza kupitia filamu ya wageni. Hiyo ndiyo aibu yenyewe: mtu kazaliwa Mombasa, kapiga Nairobi, halafu sikio la hapa limsubiri mpaka mwongozaji wa Brazili na mtunzi wa Hispania wamthibitishe.

ULAYA NA MAREKANI WANAWAITA MABINGWA

Jonny Greenwood ni mpiga gitaa wa Radiohead, bendi ya Uingereza ya roki ile ile ya pembeni ambayo Songea inaitwa kelele. Mwaka 2007 alitunga muziki wa There Will Be Blood, violini tupu zinazokufanya ukae vibaya kwenye kiti. Baadaye akawania Oscar kwa Phantom Thread na tena kwa The Power of the Dog. Hakuna aliyemwambia arudishe gitaa kwanza.

Trent Reznor wa Nine Inch Nails ni mtu wa roki ya vyuma na mashine, muziki wa kuvunja vioo. Yeye na Atticus Ross wakatunga muziki wa The Social Network ya mwaka 2010, wakachukua Oscar. Miaka kumi baadaye wakafanya Soul, katuni ya watoto na wazazi wao, pamoja na Jon Batiste wa jazi, wakachukua tena. Mtu wa vyuma na mashine, kwenye katuni! Mtu huyo angeishi Mfaranyaki angepewa ushauri nasaha.

Na kama hao wako mbali, njoo hapa hapa Tanzania. Farrokh Bulsara alizaliwa Zanzibar Septemba 5, 1946. Dunia inamwita Freddie Mercury. Bendi yake ya Queen ndiyo iliyotunga muziki wa filamu ya Flash Gordon ya mwaka 1980, okestra ikishughulikiwa na Howard Blake. Mwaka 1988 Freddie akatoa albamu ya Barcelona na Montserrat Caballé, mwimbaji wa opera. Roki, filamu, opera, mtu mmoja. Leo Mji Mkongwe kuna makumbusho yenye jina lake na watalii wanaingia kumwangalia.

Kijana akichanganya muziki Songea anaitwa kachanganyikiwa. Akichanganya Ulaya, akafa na jina, anageuka kivutio cha utalii. Haya, na sasa kuna mtu atasema roki si utamaduni wetu.

"ROKI SI UTAMADUNI WETU"

Hii hoja inapendwa sana, hasa na watu ambao simu zao zimejaa amapiano ya Afrika Kusini.

Basi angalia mganda, ngoma ya Ruvuma hii hii, ukanda wa Ziwa Nyasa. Vijana wanavaa nadhifu, mara nyingi meupe, wanapanga mistari, wanageuka kwa pamoja kama wako kwenye gwaride. Unadhani hiyo mistari ilitoka wapi? Ilitoka kwenye gwaride kweli. Ni mambo ya askari wa enzi za ukoloni na bendi zao, vijana wakayaona, wakayachukua, wakaweka ngoma zao na vibuyu vya kupulizia, wakaweka majigambo yao na mashindano ya kijiji kwa kijiji. Leo ikipigwa kwenye sherehe ya serikali inaitwa ngoma ya asili na viongozi wanainuka kutunza.

Waliobuni mganda nao walikuwa wamechanganyikiwa, kwa kipimo cha leo. Walichukua kitu cha wageni wakakitia mdundo wa nyumbani. Dansi la Tanzania nalo lilichukua gitaa na rumba, taarabu ikachukua violini na kodiani, Bongo Fleva ikachukua rap. Hakuna hata muziki mmoja unaopigwa kwenye daladala ambao haukuwahi kuwa mgeni.

Jamaa wa gitaa anachofanya ni kile kile. Wanaomsikiliza vizuri wanasema ukiacha kelele za juu, chini yake kuna mapigo ya lizombe. Anayepiga lizombe kwa gitaa la umeme haui lizombe. Anaipa chumba kingine cha kulala.

FILAMU ZETU ZINALIA KWA SAUTI MOJA

Sasa njoo kwenye kiini. Fungua filamu yoyote ya Kibongo iliyotengenezwa kwa haraka, na ziko nyingi. Mama kafiwa: kinanda kinalia. Binti kaachwa: kinanda kile kile kinalia. Jamaa kafukuzwa kazi: kinanda. Mganga anaingia: kinanda, ila sasa kimewekewa mwangwi. Mwigizaji anajitahidi kulia na kinanda kinalia kumshinda, mpaka maneno yake husikii. Dakika 90 muziki haujapumzika hata mara moja.

Kwa nini? Kwa sababu muziki unawekwa usiku wa mwisho, na mtu wa kuhariri, kutoka kwenye folda la sauti za kupakua. Hakuna aliyekaa akauliza tukio hili linataka nini.

Mtunzi wa muziki wa filamu kazi yake ni kuuliza hilo. Anatazama tukio, anahesabu sekunde. Anajua muziki uingie kabla mhusika hajafungua mlango au baada. Anampa mhusika sauti yake ndogo, halafu anairudisha dakika ya 60 mtazamaji aikumbuke bila kujua. Na zaidi ya yote anajua wapi aache ukimya. Kazi hiyo huwezi kumpa mtu wa biti moja, maana atapiga biti hiyo kwenye msiba na kwenye busu. Inamtaka mtu anayeijua kwaya kwa ajili ya tukio la kanisani, sebene kwa ajili ya harusi, ngoma kwa ajili ya kijijini, na ile roki nzito ya taratibu kwa ajili ya mtu anayetembea peke yake usiku akiwa na siri.

Mtu huyo Songea anaye. Anaishi Lizaboni. Mnamcheka.

Na Songea si mji wa kukosa filamu. Kila Februari 27 watu wanakusanyika pale Makumbusho ya Majimaji, Mahenge, kuwakumbuka mashujaa 67 walionyongwa na Wajerumani mwaka 1906. Hiyo ni stori ambayo nchi nyingine ingeshaitengenezea filamu tatu. Siku mtu wa Ruvuma akipata kamera na hela akaitengeneza, swali ni moja: chini ya picha ya wale wazee wanatembezwa kwenda kitanzini, utasikia nini? Kwa mwendo huu utasikia violini za kupakua, zile zile zilizowekwa kwenye tangazo la kiwanja huko Marekani. Mashujaa wa Ungoni wanasindikizwa na muziki usiojua wako wapi.

"HAKUNA BAJETI, ILA TUTAKUPA PROMO"

Haya, stori inayozunguka mjini ndiyo hii. Kuna mwongozaji mmoja, hatajwi, ambaye alimwomba jamaa wa gitaa "kakipande" ka kujaribu kwenye filamu. Jamaa akakaa siku kadhaa, akatunga, akatuma WhatsApp. Akaambiwa asubiri. Baada ya muda trela ya filamu ikatoka YouTube, na kakipande kamo kuanzia sekunde ya kwanza mpaka ya mwisho. Kwenye maelezo kuna jina la mwongozaji, waigizaji, mtu wa mavazi, aliyeazima gari, hadi aliyepika chakula. Wa muziki hayupo.

Alipouliza akaambiwa hakuna bajeti, ila amepata promo. Sasa promo ya mtu ambaye jina lake halijaandikwa inafanyaje kazi? Nani atampigia, na atamtafuta kwa jina gani?

Hoja ya bajeti isikilizwe kwa haki, maana kweli filamu za mikoani zinatengenezwa kwa hela ya mboga. Lakini aliyeazima gari alijaziwa mafuta. Aliyepika alinunuliwa mchele. Kamera ilikodiwa kwa hela taslimu. Kila mtu alipata kitu, isipokuwa yule aliyeifanya trela imtoe mtu machozi. Huo si umaskini, ni mpangilio: muziki umewekwa mwisho wa foleni kwa sababu haushikiki kwa mkono kama kamera.

Na hata ukosefu wa hela una njia zake za kiungwana. Unampa kidogo mwanzo na asilimia kwenye mapato. Unakubaliana kwamba filamu ni yako, muziki unabaki wake, na anaweza kuuuza tena mbele ya safari. Unamwandika jina mwanzoni, kwa herufi za ukubwa ule ule wa mwigizaji mkuu. Kati ya hayo yote, jina halina gharama kabisa. Asiyetoa hata hicho asisingizie bajeti.

Wengine wanakimbilia kuchukua wimbo wa staa mkubwa bila ruhusa, wakidhani wamepata njia ya mkato. Matokeo yake YouTube inautambua wimbo, na mapato ya video yanaweza kwenda kwa mwenye wimbo au video ikafungiwa. Umepiga filamu miezi sita ili umlipe mtu wa Dar ambaye hajui hata upo.

SHERIA IPO, NA JAMAA NAYE AJIANGALIE

Tanzania ina Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999. Kazi ya muziki inalindwa tangu inapotungwa, na ulinzi huo unaendelea miaka 50 baada ya mtunzi kufariki. COSOTA ipo kwa ajili ya kusajili kazi na kusimamia haki hizo. Kwa hiyo "nilikikuta kwenye simu" si kibali, na "ni mshkaji wangu" si mkataba.

Lakini polepole, hapa jamaa wa gitaa naye hachomoki. Unatumaje kazi iliyokamilika kwa WhatsApp bila hata ujumbe wa mistari mitatu unaosema ni kwa matumizi gani na kwa hela gani? Tuma sampuli yenye sauti ya jina lako juu yake. Hifadhi faili za mwanzo zenye tarehe. Sajili. Andika karatasi moja: jina la kazi, jina la filamu, malipo, asilimia, na jina litaandikwa wapi. Mkisaini wawili na shahidi mmoja, imetosha kuanzia. Usanii wa kuona aibu kuzungumza hela ndio unaowalisha wajanja.

Na wanaoposti vicheko nao wajue wanashiriki. Prodyuza akisema mtu hauziki, halafu mitandaoni watu mia wanaweka emoji za kucheka, mwongozaji anapata ujasiri wa kuchukua bure. Kinachodharauliwa hakilipiwi. Dharau ndiyo inayoshusha bei.

Gharama yake imeshaanza kuonekana. Wiki hizi kwenye status ya jamaa kuna picha ya lile gitaa, na chini yake neno moja: linauzwa. Wanaomjua wanasema ana mpango wa kwenda Dar kutafuta kibarua chochote, na hakusema cha muziki. Akiondoka, kwaya itapata mpiga kinanda mwingine na harusi zitaweka didijei. Lakini yule mwenye lizombe kwenye vidole na filamu kichwani hayupo dukani, hata ukiwa na bajeti.

BASI KILA MTU NA LAKE

Prodyuza mwenye heshima zake: acha kumwambia achague. Mwite studio mara moja tu, mpe tukio la dakika mbili, uone anaweza kufanya nini ambacho biti zako haziwezi.

Watu wa filamu Ruvuma: mtunzi aitwe siku script inasomwa, si usiku wa kuhariri. Kwenye karatasi ya matumizi, muziki uwe na mstari wake, hata kama ni mdogo kuliko wa mchele.

Mashabiki: mkisikia kitu hamkijui, sikilizeni mpaka mwisho kabla ya kuweka emoji.

Na wewe mwongozaji unayejijua: trela yako bado iko hewani. Sehemu ya maelezo inahaririwa kwa dakika moja, kwa simu hiyo hiyo uliyoshika. Andika jina lake leo, kabla hajapata mteja wa gitaa. Halafu mpigie mzungumze hela.

Wadau, mnaonaje? Msanii akae kwenye staili moja au apewe kazi? Dondosha maoni yako hapo chini, na kama unamfahamu mwongozaji, mtumie hii.